Mcheza Kwao Hutunzwa

Wazee wetu walisema kwamba mcheza kwao hutunzwa. Neno hilo "kutunza" lina maana mbili, na zote mbili zatupasa kuzifikiri. Maana ya kwanza ni kumpa mchezaji zawadi wakati ngoma ingali ikilia. Maana ya pili ni kumhifadhi na kumwangalia. Katika ile ya kwanza hatuna upungufu: mshindi hushangiliwa, hubebwa juu juu na kupewa mkono na wakubwa. Swali letu leo ni juu ya ile ya pili. Ngoma ikiisha, na miguu ya mchezaji ikachoka, ni nani amtunzaye?

Tuwatazame kwanza Wamarekani na mchezo wao wa besiboli, yaani mchezo wa kupiga mpira kwa gongo na kukimbia. Mwaka 1939 Lou Gehrig wa timu ya New York Yankees alilazimika kuacha kucheza kwa sababu ya ugonjwa usio na dawa. Tarehe 4 Julai mwaka huo timu yake ilimwita uwanjani mbele ya maelfu ya watu, ikamshukuru. Namba yake ya mgongoni, 4, nayo iliwekwa kando, asiivae tena mchezaji mwingine wa timu hiyo. Gehrig alifariki mwaka 1941. Heshima ile aliisikia kwa masikio yake mwenyewe.

Jackie Robinson naye alikuwa Mmarekani mweusi. Alipoingia kuichezea Brooklyn Dodgers tarehe 15 Aprili 1947, alivunja ukuta wa ubaguzi uliokuwa umewafungia watu weusi nje ya ligi kuu kwa zaidi ya miaka 50. Alitukanwa, akavumilia, akacheza. Mwaka 1997 namba yake, 42, iliwekwa kando na timu zote za ligi hiyo. Na kila mwaka, tarehe 15 Aprili, wachezaji wote huivaa kwa siku moja. Hivyo kila mtoto aliyepo uwanjani hana budi kumwuliza baba yake: huyu wa 42 alikuwa nani?

Hata hivyo sifa haijazi chungu. Wamarekani walilitambua hilo, wakaanzisha mfuko wa malipo ya uzeeni kwa wachezaji mwaka 1947, na mwaka 1986 wakaunda chama cha kuwasaidia wachezaji wa zamani waliopatwa na shida. Na wao pia walichelewa katika mengine: ligi za watu weusi za miaka ya 1920 hadi 1948 hazikuhesabiwa kuwa ligi kuu mpaka Desemba 2020, wakati wengi wa wachezaji wake walikuwa wamekwisha kuzikwa. Haki iliyowafikia kaburini ni haki, lakini wenyewe hawakuionja.

Sasa turudi kwetu Mara. Suleiman Nyambui alizaliwa Majita, kando ya Ziwa Victoria, mwaka 1953. Tarehe 1 Agosti 1980, katika Michezo ya Olimpiki ya Moscow, alishika nafasi ya pili katika mbio za mita 5,000, nyuma ya Miruts Yifter wa Ethiopia, kwa tofauti isiyotimia sekunde moja. Medali yake ya fedha, pamoja na ile ya Filbert Bayi aliyoipata hapo hapo Moscow, ndizo medali mbili pekee za Olimpiki ambazo Tanzania imezipata hata baada ya michezo ya Paris ya mwaka 2024. Mwaka 1987 na 1988 Nyambui alishinda mbio ndefu za Berlin. Je, mtoto wa shule pale Bunda au Musoma akiulizwa habari hizi, atajibu?

Na si mkimbiaji mmoja tu. Timu ya Biashara United ya Musoma ilipanda ligi kuu mwaka 2018, na Oktoba 2021 iliifunga Al Ahli Tripoli ya Libya mabao 2 kwa 0 jijini Dar es Salaam, katika mashindano ya Afrika. Mchezo wa marudiano haikusafiri kwenda kuucheza, na mwaka 2022 ilishuka daraja. Timu ikianguka, majina ya vijana walioipandisha huanguka pamoja nayo.

Wako watakaosema kwamba timu iliyokosa safari haiwezi kujenga makumbusho. Ni kweli. Lakini kopo la rangi na ukuta wa Uwanja wa Karume pale Musoma vyatosha kuandika majina kumi na moja. Daftari moja latosha kuhifadhi habari za kila mchezaji, mwaka alioingia na mwaka aliotoka. Jirani zetu wa Kenya waliuita uwanja wa Eldoret kwa jina la mkimbiaji wao Kipchoge Keino. Jina halina gharama.

Wala tusiseme kwamba hatujui kukumbuka. Butiama kuna kaburi la Mwalimu Nyerere, na makumbusho yake yaliyofunguliwa mwaka 1999. Matembezi yake ya miguu kutoka Butiama hadi Mwanza, Oktoba 1967, kuliunga mkono Azimio la Arusha, yangali yakisimuliwa. Watu waliohifadhi mambo hayo waweza kuhifadhi na haya.

Basi viongozi wa vilabu, walimu wa michezo na wafanyakazi mnaochangia timu zenu, jambo hili liwekeni katika ajenda ya mkutano ujao. Waandikeni wachezaji wenu wa zamani. Waiteni uwanjani wangali hai. Na katika kila kiingilio mtakachokusanya, tengeni fungu dogo kwa ajili ya yule aliyevunjika goti akiitumikia jezi yenu. Kijana anayeanza leo huangalia yaliyompata aliyemtangulia, kisha ndipo huamua atajitolea kiasi gani.