Sauti ya Siti Isipotee

Mwaka 1929 mwigizaji Mcheki, Anny Ondra, alicheza nchini Uingereza katika filamu ya Alfred Hitchcock iitwayo Blackmail. Sura yake ilipendeza, lakini lafudhi yake haikukubalika. Hivyo Joan Barry alisema pembeni mwa kamera, naye Ondra akachezesha midomo tu.

Mwaka mmoja kabla ya hapo, Siti binti Saad, mzaliwa wa Fumba, Unguja, aliyewahi kutembeza vyungu akiuza, alivuka bahari hadi Bombay kurekodi santuri kwa Kiswahili. Yeye kilichotakiwa kwake ni ulimi wake huo huo. Santuri hizo ziliuzwa Visiwani na Bara, hata wasiopata kumwona wakamjua kwa sauti.

Siti alifariki mwaka 1950. Filamu ya Ondra ingali imehifadhiwa katika hazina ya filamu ya Uingereza. Je, santuri za Siti zi wapi? Sisi tupitao kila siku Kariakoo, baina ya maduka ya redio na simu, twaamini kuwa huenda baadhi zingali masandukuni katika nyumba za wazee. Lakini santuri za zama zile zikianguka huvunjika kama vyungu alivyouza.

Twawaomba ndugu zetu wa Visiwani waishio hapa jijini wafungue masanduku hayo. Nao wakuu wa utamaduni, wa pande zote mbili za Muungano, wazipokee, wazinakili na kuzitunza. Chungu kikivunjika hufinyangwa kingine. Sauti ya Siti haifinyangwi tena.