Mashine Nzima Usiifungue

Mafundi wengi wa viwandani tumelelewa na kalenda. Saa zikitimia, mashine inasimamishwa na kufunguliwa, beringi zisizo na kasoro zinang'olewa, mpya zinafungwa. Kesho yake mota inanguruma, na lawama zote zinaangukia vipuri feki.

Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, mwanasayansi C. H. Waddington na wenzake walichunguza ndege za Uingereza zilizokuwa zikiwinda nyambizi. Kila baada ya saa 50 za kuruka zilikaguliwa. Wakagundua kwamba hitilafu zilikuwa nyingi zaidi mara tu ndege ilipotoka kwenye ukaguzi, kisha zikapungua. Mkono wa fundi ndio uliokuwa ukileta ubovu. Mwaka 1978, Stanley Nowlan na Howard Heap wa United Airlines ya Marekani walitoa ripoti yao: kati ya vifaa vya ndege walivyovichunguza, asilimia 68 vilikuwa katika hatari kubwa zaidi vikiwa vipya.

Itazame beringi. Ukiipigilia kwa nyundo kwenye shafti, gololi zake zinachimba vishimo ambavyo jicho halivioni, na kuanzia hapo siku zake zinahesabika. Grisi nayo ikishindiliwa hadi pomoni, gololi zinaikoroga, inachemka, mafuta yanajitenga. Kuchanganya grisi za aina mbili ni hatari zaidi, kwa kuwa zinaweza kulainika na kuvuja. Kufanana rangi si ushahidi kwamba zinapatana.

Ila beringi ikianza kufa, mara nyingi hutoa taarifa. Mtetemo hubadilika kwanza, pengine miezi kabla. Hufuata sauti, halafu joto, mwishowe moshi. Kipima mtetemo kinaiwahi mapema. Kilipokosekana, mafundi wa zamani waliegemeza bisibisi kwenye nyumba ya beringi, mpini sikioni, na walisikia mengi. Pima mahali palepale, mashine ikiwa na mzigo uleule, na uandike. Cha kuangalia ni badiliko kutoka wiki iliyopita.

Lakini mikanda, vichujio na breki huchakaa kweli kwa matumizi, hivyo vifuate ratiba. Vali za usalama za boila zipimwe kwa tarehe, bila mjadala.

Na pale inapobidi kufungua, aliyeifunga mashine asikimbilie kazi nyingine. Akae nayo saa za mwanzo, mkono karibu na swichi, akisikiliza.