Ua la mpira likinyauka, weka panga chini kwanza

Wadau wa Amani, Muheza na milima yote ile, hili ua mnalijua hata kama jina hamlijui. Mvua zikianza tu, kijiti kinachomoza ardhini chenyewe, na siku chache baadaye kichwani kinafunguka duara jekundu kubwa kuliko ngumi, limeundwa na vijiua vidogo vidogo vinavyoweza kufika 200. Kisayansi linaitwa Scadoxus multiflorus. Ukili-google jaribu pia Haemanthus, maana vitabu vya zamani vinalitaja kwa jina hilo. Mimi hapa nitaliita ua la mpira, basi.

Linakaa wiki moja au mbili, kisha linanyauka. Na hapo ndipo linapouawa! Mtu anaona mabua yamelala na majani mapana yamebaki bila ua, anasema yanachafua uwanja, anafyeka yote. Mwaka unaofuata linatoka dogo au halitoki kabisa, halafu tunasikia eti limerogwa.

Ukweli ni kwamba chini kuna kitunguu, na kile kitunguu ni ghala. Majani ndiyo jiko. Ua limekula akiba yote, kwa hiyo miezi ile majani yanapokuwa ya kijani ndiyo yanapika chakula cha kujaza ghala upya, na ua la mwakani linatengenezwa kutokana na akiba hiyo. Ukifyeka majani mapema umefunga jiko wakati wa njaa. Kata kijiti cha ua tu kama hutaki mbegu. Majani yaache mpaka yawe ya njano yenyewe. Usiyafunge fundo kama wanavyofanya wengine ili bustani ionekane nadhifu. Katika kipindi hicho mwagilia kama mvua imekatika na weka samadi iliyooza vizuri, kiasi tu. Majivu kidogo ya kuni nayo yanafaa.

Sasa ukiingia kwenye mtandao kutafuta ushauri, karibu wote umeandikwa na Wazungu kuhusu tulipu na wenzake, yale maua yanayochanua baridi ikiisha kwao. Utaambiwa chimba, kausha, weka penye baridi. Tulipu inadai baridi kali ya wiki 12 hivi au zaidi ndipo ichanue. Lushoto ya Julai inakufanya uvae koti, lakini haifiki huko, na Amani ndiyo kabisa. (Kwa wageni: Amani haiko Lushoto. Iko wilaya ya Muheza, Usambara ya Mashariki, kiasi cha mita 900 juu ya bahari, na katikati kuna bonde la Lwengera.)

Ua letu halina shida na baridi. Usingizi wake unaletwa na ukavu. Majani yakishakuwa ya njano linataka udongo mkavu, lilale, likisubiri mvua ya kwanza iligongee mlango. Tatizo la Amani ndilo hilo: mvua inapita milimita 1,900 kwa mwaka, na hata nje ya masika na vuli manyunyu hayaishi. Kitunguu kilichokaa kwenye udongo wa mfinyanzi unaotuamisha maji kinaoza kimya kimya. Mimi naona dawa rahisi ni chombo. Chukua ndoo ya rangi, toboa matundu chini, weka kokoto, halafu udongo uliochanganywa na mchanga. Shingo ya kitunguu iwe usawa wa udongo. Majani yakikauka, sogeza ndoo barazani chini ya bati, acha kumwagilia kabisa. Mvua zikikaribia, irudishe nje penye kivuli chepesi. Usikihamishehamishe kitunguu chenyewe, mizizi yake minene haipendi kuvurugwa, na ukiivuruga unaweza kukosa ua msimu mzima.

Wa bondeni kwenye kiangazi cha kweli hawahitaji yote hayo. Wakiache ardhini tu.

Kama una subira acha tunda. Yanatoka matunda mekundu, ndani yake mna mbegu. Menya nyama yote, panda mbegu mara moja zikiwa mbichi, maana zikikauka hazioti vizuri. Ua utaliona baada ya miaka mitatu au zaidi. Ni ndefu, najua, lakini ni bora kuliko kwenda kuchimba msituni. Msitu wa Amani ni hifadhi ya mazingira asilia tangu 1997, na kung'oa mmea humo bila kibali ni kosa.

Halafu hili msilipite haraka: KITUNGUU HIKI NI SUMU. Kina likorini, kitu kinacholeta kutapika na kuharisha, na sehemu kadhaa za Afrika mmea huu umetumika kwenye sumu ya mishale na ya kuvulia samaki. Kwa umbo kinafanana na kitunguu cha mboga, ila hakina ile harufu. Kwa hiyo kikilala kavu kwenye ndoo barazani, kiweke mbali na jiko, mbali na watoto na mbuzi, na nawa mikono ukishakishika. Mtoto akikitafuna, mpeleke hospitali na kipande cha mmea mkononi ili daktari akione.

Walioko Lushoto, Soni na Mlalo, kwenu huko juu linatoka mwezi gani? Tupieni hapo chini.