Kampuni ikizidiwa na madeni, unakimbilia mahakama ipi?

Mjomba wangu anaidai kampuni moja hela za kokoto. Juzi kasikia iko hoi, akataka kwenda Mahakama ya Mwanzo walikamate lori lao. Nikamwambia mjomba subiri kwanza, nikaja kafe kusoma.

Iko hivi. Kwenye Sheria ya Makampuni ya 2002, mwenye mamlaka ya kuiweka kampuni chini ya msimamizi ili iokolewe, au kuifilisi kabisa, ni Mahakama Kuu. Ombi linapelekwa na kampuni yenyewe, wakurugenzi au hata mdai kama mjomba. Amri ikishatoka, hakuna kukamata mali wala kufungua kesi bila ruhusa ya msimamizi au mahakama. Ni ili mmoja asing'oe injini, wengine wakabaki na bodi tupu.

Inasaidia? Tazameni kiwanda cha saruji cha Maweni, hapa hapa Tanga. Mwenye mali alikuwa ARM Cement ya Kenya, iliyowekwa chini ya wasimamizi Agosti 2018 kwa sheria ya kwao. Kule benki yenye dhamana fulani inaweza kuteua msimamizi bila kungoja jaji. Maweni ikauzwa kwa Huaxin ya China mwaka 2020, haikugeuzwa chuma chakavu.

Basi mjomba aanze kuulizia BRELA kama amri ipo. Kama haipo, adai deni lake kama kawaida, ila asichelewe.

Nyie mngefanyaje? Changieni hapa chini.