Je, Wajua? Picha Kuukuu, Tanuri la Pili

Wahunzi wa Ufipa walikichoma chuma mara mbili. Kwanza kwenye ilungu, tanuri refu kuliko mtu, lililovuta upepo lenyewe bila mivukuto. Kilichotoka humo bado kilikuwa na takataka tele, kikapelekwa kwenye kintengwe, tanuri dogo la mivukuto, ndipo kikafaa kufuliwa jembe. Wasanii wa video wanaookota filamu za zamani na kuzikata upya nao wana tanuri lao la pili.

Je, wajua kwamba Tanganyika ilitengeneza filamu 35 kati ya 1935 na 1937? Kazi ilifanyika Vugiri, milima ya Usambara, chini ya Leslie Notcutt na Geoffrey Latham, kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani. Mafunzo yalikuwa safura, kilimo bora, kuweka akiba posta. Sauti haikuwamo ndani ya filamu. Ilitoka kwenye santuri iliyochezwa kando, hivyo picha ileile iliweza kusema Kiswahili hapa na lugha nyingine kule. Kwa msanii hiyo ni neema: ondoa santuri ya bwana mkubwa, wabaki watu tu, wanaosogea bila kuamriwa. Bahati mbaya nyingi zimepotea. Chache zimehifadhiwa Uingereza.

Mwaka 1936, Vugiri wakiendelea na kazi, msanii Joseph Cornell wa New York alichukua filamu ya Hollywood ya 1931, East of Borneo, akaikata hadi dakika 19 hivi, karibu zote za mwigizaji Rose Hobart. Aliionyesha polepole kupitia kioo cha buluu. Salvador Dalí alipandwa na hasira akapindua projekta, eti ndoto yake imeibwa!

Karibu zaidi nasi yuko msanii Sammy Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi. Katika filamu yake Aequare (2023) amezipanga picha za propaganda za Wabelgiji kuhusu kituo cha kilimo cha Yangambi pamoja na Yangambi ya leo.

Na Sumbawanga, hukohuko Ufipa? Fungua kabati. Kanda za VHS za harusi na kipaimara zimelala humo, nyingine zimeota ukungu. Zisafishwe kabla ya kutiwa kwenye deki, maana ukungu huharibu kichwa chake. Kisha mtafute yule shangazi aliyekatiza mbele ya kamera na sinia la wali. Mpiga picha hakumtaka. Anza naye.