Je, Wajua? Nuru Inayojiwakia Yenyewe

Mwandishi Mwingereza J.R.R. Tolkien alibuni dunia nzima yenye lugha, ramani na historia yake. Ndani yake imo nuru isiyohitaji mafuta wala kuni: inajiwakia yenyewe. Twende nayo tangu chimbuko lake.

Je, wajua kwamba katika dunia hiyo jua na mwezi vilichelewa kuja? Kwanza zilisimamishwa taa mbili, Illuin kaskazini na Ormal kusini, juu ya nguzo zilizopita milima yote kwa urefu. Melkor, adui wa kila chema, aliziangusha, na miali yake ikaiunguza nchi.

Je, wajua kwamba nuru iliyofuata iliota ardhini? Yavanna, mlezi wa mimea, aliimba mbele ya kilima kilichomwagiliwa machozi ya Nienna, malkia wa huruma. Ikachipua miti miwili: Telperion wa nuru ya fedha na Laurelin wa nuru ya dhahabu.

Je, wajua kwamba miti hiyo ilikuwa saa? Kila mmoja uling'aa kwa saa 7, ukikua kisha ukififia. Mmoja ulipokaribia kuzimika, mwenzake ulianza kuwaka, zikachanganyika fedha na dhahabu kwa saa nzima. Mara mbili kwa siku ilipishana hivyo, ndiyo maana siku yao ilikuwa ya saa 12, si 14.

Je, wajua kwamba nyota nazo zilitokana na mti? Varda, malkia wa nyota, alikinga umande wa Telperion, akautumia kuumba nyota mpya kabla Waelfi, wazaliwa wa kwanza, hawajaamka. Waelfi walipofumbua macho, kitu cha kwanza walichokiona ni nyota hizo.

Je, wajua kwamba Mwelfi mmoja aliweza kuihifadhi nuru ya miti yote miwili? Fëanor, fundi asiye na mfano, alitengeneza vito vitatu viitwavyo Silmaril. Hata vikifungiwa katika hazina yenye giza totoro, viliwaka vyenyewe. Varda akavibariki: mkono wowote wenye uovu ukivigusa, unaungua.

Je, wajua kwamba miti iliuawa na buibui? Melkor aliichoma kwa mkuki, na Ungoliant, jike la buibui lenye njaa isiyokwisha, akainyonya hadi ikakauka. Yavanna akasema kwamba nuru iliyomo katika vito ingeiponya. Fëanor akakataa kuvitoa. Kumbe wakati huohuo Melkor alikuwa ameshamuua baba wa Fëanor na kuviiba.

Je, wajua jua lilikotoka? Kabla ya kufa, Telperion ulitoa ua moja la mwisho na Laurelin tunda moja la mwisho. Ua likawa mwezi, tunda likawa jua.

Je, wajua vito vitatu viliishia wapi? Kimoja kiliingia katika shimo la moto ardhini, kingine kikatupwa baharini. Cha tatu kinapita angani kwenye paji la uso la baharia Eärendil, katika merikebu yake. Kwa macho yetu kinaonekana kama nyota, nayo ni Zuhura.

Je, wajua kwamba Frodo, shujaa wa The Lord of the Rings, alibeba nuru hiyohiyo? Mwelfi Galadriel alimpa kichupa chenye maji ya chemchemi yake yaliyonasa nuru ya nyota ya Eärendil. Kwa kichupa hicho Frodo na mwenzake Sam walimkabili buibui Shelob, ambaye ni mtoto wa Ungoliant. Mama aliinyonya nuru ya miti. Binti akakimbizwa na tone lake.

Je, wajua kwamba jina Eärendil ni kongwe kuliko vitabu vyote vya Tolkien? Tolkien, aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892, alikutana na jina hilo katika shairi la Kiingereza cha kale, akatunga shairi lake kulihusu mwaka 1914. The Lord of the Rings ilitoka 1954 na 1955. The Silmarillion ilichapwa 1977, miaka minne baada ya kifo chake, ikihaririwa na mwanawe Christopher.

Je, wajua kwamba jina hilo limefika anga halisi? Mwaka 2022 wanaastronomia waliotumia darubini ya Hubble walitangaza nyota waliyoiita Earendel. Nuru yake imesafiri miaka bilioni 12.9 hadi kutufikia.

Fuata mnyororo huo na hukumu ya Tolkien iko wazi. Fëanor aliing'ang'ania nuru, akapoteza vito, baba na uhai wake. Galadriel aliigawa, ikawaokoa wasafiri wawili wadogo gizani. Msomaji, ulicho nacho cha kumulikia wenzako, kitoe.