Goma Kali Halizeeki, Linahama Geto

Juzi usiku mvua ya Bukoba ilishuka vile tunavyoijua, ile ya kutwanga bati mpaka mnaongea kwa kupayuka. Masela wanne tumejibana geto hapa Kashai: laptop moja, sabufa moja, sahani ya senene katikati. Mwana mmoja, fundi wa kugonga biti, akaachia goma la wale Wafaransa wawili, Daft Punk: Harder, Better, Faster, Stronger. Haikupita dakika, vichwa vyote vinaitika mdundo. Dogo wa miaka 17 akauliza, "Kaka, hii imetoka wiki gani?" Alipoambiwa 2001, akabaki mdomo wazi. Ngoma imemzidi umri!

Ngoja niwasanue kidogo. Hawa jamaa ni Thomas Bangalter na Guy-Manuel de Homem-Christo. Walikutana shuleni, Paris, wakiwa madogo tu. Albamu yao ya kwanza, Homework, ilitoka 1997, na mzigo ule waliupika nyumbani, chumbani kwa Bangalter. Geto kabisa, mwanangu! Kwa hiyo dogo unayekomaa na laptop ya kuazima hapa Kashai, uko kwenye njia ambayo watu wameshaipita wakafika.

Mwaka 2001 wakashusha albamu ya pili, Discovery, na ndani yake ndimo lilimokaa goma hili. Ukilisikia unadhani limetoka sayari nyingine, maana sauti imepitishwa kwenye mashine mpaka inabonga kama roboti. Lakini chimba chini, utakuta mzizi wa zamani. Edwin Birdsong, Mmarekani mpiga kinanda wa fanki, alitoa wimbo unaoitwa Cola Bottle Baby mwaka 1979. Daft Punk wakachukua kipande, wakakikatakata, wakakipanga upya, wakakizungusha mpaka kikawa goma jingine. Na jina la Birdsong likaandikwa kwenye orodha ya watunzi, pamoja na yao. Mwaka 2007 Kanye West naye akalipokea goma hilo, akapika Stronger, likakamata namba moja Marekani. Mwaka 2009, toleo la jukwaani la Daft Punk wenyewe likabeba Grammy. Hebu ona: kipande cha 1979 kimehama geto mara mbili, na kila kilipofika kimepewa chakula na kitanda.

Sasa turudi nyumbani, maana hapa ndipo damu inaponichemka. Mwaka uleule wa 2001, binti wa hukuhuku kwetu, Saida Karoli, aliitikisa Bongo na Maria Salome, ile ambayo mtaa mzima unaiita Chambua Kama Karanga. Kihaya, mwanangu! Watu wa Dar, Mwanza, Tanga, hawajui hata salamu ya Kihaya, ila harusini wanaimba neno kwa neno na viuno vinafanya kazi. Alionyesha kwamba huhitaji kuificha lugha ya bibi yako ndiyo ukubalike mjini.

Kisha 2016, Diamond Platnumz na Rayvanny wakaibuka na Salome, wameisuka juu ya ileile ya Saida. Madogo waliokuwa hawajazaliwa wakati wa Saida wakadata nayo, halafu wakaanza kuuliza, "Huyu mama wa kwanza ni nani?" Saida akarudi midomoni mwa watu, na mwaka uliofuata akaachia Orugambo. Ndiyo raha ya kupokea kijiti kwa adabu: anayepokea anang'aa, na aliyetoa anakumbukwa.

Ndiyo maana naumia nikiwaona mafundi wetu wa biti wanakesha kushusha sampuli za Marekani na Nigeria, wakati kuna hazina hapo Muleba kwenye migomba. Wazee wa Kihaya wana enanga, lile gogo la mti lililochongwa likawambwa nyuzi, na kwa enanga hiyo wameimba tenzi za mashujaa kama Kachwenyanja usiku kucha. Umewahi kuusikia mlio wake kwenye sabufa? Mzito, unarudiarudia, unakuzungusha mpaka unasahau saa. Wale Wafaransa wangeusikia, wasingelala.

Basi mchongo ni huu. Ukienda kijijini, beba simu yenye chaji. Mwombe bibi au babu akuimbie, na omba ruhusa kabla ya kubonyeza kurekodi. Uliza wimbo unaimbwa lini na maneno yanasema nini, usije ukapachika wimbo wa msiba kwenye biti la klabu. Mkikubaliana mgawo, andikeni. Ngoma ikikamilika, kaisajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki, jina la mwenye sauti likiwemo. Ukichukua kimyakimya, huo ni wizi, hata biti liwe kali vipi.

Usiku ule wa mvua haukuishia kwa Daft Punk. Fundi wetu alizima goma, akafungua sauti aliyomrekodi bibi yake harusini Muleba. Akakata kipande cha sekunde nne, akakizungusha, akatia kiki chini. Tukanyamaza wote, hata senene tukawaacha. Asubuhi akapiga simu: "Waitu bibi, naomba sauti yako nikaitie kwenye ngoma." Bibi akacheka sana, akakubali kwa sharti moja: wasiikimbize mno, wachezaji wasije wakavunjika miguu.

Fundi akapunguza mwendo. Kisha akahifadhi faili, na mahali pa jina la msanii akaandika majina mawili. La bibi likatangulia.